Mwaka Niliochora Kifuniko cha Mtungi

Walisema sitaweza. Bwana Njuguna, mwenye kiwanda cha plastiki pale Kitengela, alisema kalibu ya chuma haichongwi na Mkenya wa diploma. Inatoka ng'ambo ndani ya sanduku la mbao, na kazi yetu sisi ni kulipa na kung'oa misumari ya sanduku. Meneja wa benki alinisikiliza hadi mwisho, kisha akaniuliza kama hiyo programu yangu ya kompyuta ya kuchorea kalibu iko na magurudumu, maana yeye hukopesha watu wa malori. Jamaa mmoja tuliyesoma naye politekniki alisema mbele ya watu, mchuzi ukimtiririka kidoleni, kwamba nimerudi kutoka Durban na televisheni isiyoshika stesheni. Yote nayakumbuka, pamoja na nani alikuwa amekaa wapi na nani alicheka kwanza. Niliyakumbuka tena mwezi uliopita tulipomzika Bwana Njuguna. Mhubiri alisema marehemu alikuwa na jicho la kutambua vipaji vya vijana. Wale waliokuwepo zamani waliinamisha vichwa wakaangalia viatu vyao. Mimi nilikuwa nimekaa safu ya mbele, ndani ya suti niliyoshonewa kwa kipimo, na sikuangalia kiatu cha mtu. Nilimpenda yule mzee, na machozi yangu yalikuwa ya kweli. Lakini nimeandika sura hii ili mwaka wa 2000 usije ukasimuliwa na wahubiri.

Nilikuwa na chumba kimoja nyuma ya duka la Mama Hodhan, mwanamke aliyetoka na jamaa zake kaskazini mashariki na kufungua duka la unga, sukari, vitambaa na nyama ya kugandishwa. Chumba kilikuwa stoo ya magunia. Kulikuwa na dirisha moja dogo la waya, sakafu ya saruji, na harufu ya hiliki iliyoingia kwenye mashati yangu ikakataa kutoka hata nikifua. Meza yangu ilikuwa mlango wa zamani uliolazwa juu ya madumu, na juu ya mlango ule niliweka kompyuta yangu, iliyosafiri kutoka Durban ikiwa imefungwa ndani ya godoro. Nyuma yake nilichomeka kile kifunguo kidogo cha plastiki ambacho bila hicho programu haifunguki. Nililala nacho chini ya mto kama wengine wanavyolala na kitambulisho. Kule kusini nilikuwa nimefanya kazi kwenye karakana ya kalibu kwa miaka yangu yote ya ujana wa maana, nikianza kwa kufagia vyuma na kumaliza nikiwa mtu wa kuchora. Karakana ilipofungwa, tajiri wetu alinipa programu kama malipo ya mwisho, pamoja na haki ya kupokea toleo jipya likitoka. Wenzangu walichukua pesa taslimu na wakanionea huruma. Leo naweza kusema nani alimhurumia nani bila sababu.

Msomaji asiyejua kazi hii nimweleze kwa ufupi. Beseni, kikombe, kifuniko cha chupa, vyote huzaliwa ndani ya chuma. Plastiki huyeyushwa, husukumwa kwa nguvu kupitia tundu dogo hadi kwenye nafasi iliyochongwa ndani ya vipande viwili vya chuma, ambavyo ndivyo kalibu, hupoa, kisha chuma hufunguka na kitu hudondoka. Tundu lile sisi tuliita mlango. Ukikosea mlango, umekosea kila kitu, na ukishakata chuma huwezi kukirudisha. Zamani fundi alikata kwanza halafu akajua baadaye. Programu yangu ilifanya mambo mawili. Kwanza, ilinichorea kitu kizima, chenye unene na tumbo na mgongo, si mistari tu kwenye karatasi. Na ilikumbuka jinsi nilivyokijenga, kiasi kwamba nikibadilisha kipimo kimoja, vingine vyote vilijipanga upya vyenyewe. Pili, ilinionyesha plastiki ikiingia, rangi kwa rangi, kabla ya chuma kuguswa. Nilikuwa mtu wa kwanza Kitengela kuona ndani ya chuma kilichofungwa. Kama kulikuwa na mwingine, ajitokeze.

Mwaka ule ulikuwa wa ukame na wa mgao wa stima. Kutoka Kajiado hadi Isinya ng'ombe walilala kando ya barabara na hawakuamka, na waliobaki walipelekwa kula maua kwenye bustani za matajiri wa Nairobi. Stima ilikatwa mchana kutwa. Kompyuta za siku hizo hazikuwa na haraka: hesabu ya kifuniko kimoja ilianza nikinywa chai ya asubuhi na kumalizika Mama Hodhan akitandika mkeka wa swala ya alasiri. Stima ikikatika katikati, unaanza upya. Siku hizi mpwa wangu anafanya hesabu hiyo kwenye kompyuta ya mapajani huku akipiga simu, na bado analalamika. Mama Hodhan alikuwa na jenereta ya friji zake za nyama. Bila kuombwa mara mbili, alivuta waya kupitia tundu la ukutani hadi kwenye meza yangu, akasema nyama na kompyuta vyote vinaharibika bila stima, na kwamba dizeli tutaongea baadaye. Asubuhi alinipitishia anjera, ile chapati laini ya Kisomali, na chai ya maziwa ya ngamia chini ya pazia. Upande wa pili wa pazia hilo wachuuzi wa mifugo walikaa wakinywa chai yao na kunijadili kana kwamba pazia ni ukuta. Mmoja alisema kuna mtu humo ndani anaangalia kifuniko siku nzima. Mwingine akauliza kama hicho kifuniko kimemfanya nini.

Kilichonifanya ni hiki. Njuguna alikuwa akitengeneza mitungi ya maziwa ya plastiki, yenye kifuniko kipana na kishikio juu yake, kwa kalibu iliyotoka ng'ambo. Wanawake wa Kajiado waliinunua kwa sababu mitungi ya bati ilikuwa ghali. Baada ya wiki chache vifuniko vilianza kupasuka, vyote mahali pamoja, kwenye mguu wa kishikio. Mvua ya malalamiko ilimnyeshea Njuguna kuliko mvua yenyewe. Alibadilisha plastiki, akabadilisha rangi, akamfukuza msimamizi. Watu wa ng'ambo waliomwuzia kalibu wakamwandikia kwamba wateja wake wanatumia nguvu nyingi. Nilipomwendea nikasema najua ugonjwa, alinicheka. Lakini nilikuwa nimekaa sokoni Kajiado na Yeyo Naserian, mama muuza maziwa ambaye kila mtu pale humwita yeyo, yaani mama, na nilikuwa nimeona kile ambacho mchoraji wa ng'ambo hangeweza kukiota. Mtungi haupokei maziwa kabla ya kufukizwa. Yeyo Naserian aliwasha kijiti cha oloirien, mzeituni wa porini, akakizima kikabaki kaa linalotoa moshi, akakiingiza mtungini, akafunika, akatikisa moshi uingie kila kona. Maziwa yasiyo na moshi, kwake, ni maji ya kuoshea vyombo. Kisha akavuta kifuniko kwa kishikio kikiwa bado moto. Aliyekichora alidhani kifuniko hufunguliwa kikiwa baridi. Hapa kwetu hufunguliwa kikiwa moto, asubuhi na jioni, na mkono wa mtu aliyezoea kukamua.

Nilijua pia kwamba mito miwili ya plastiki ikikutana ndani ya kalibu hubaki mshono, na mshono ukipata joto na kuvutwa hufunguka kama jeraha ambalo halikupona vizuri. Nilichora kifuniko, nikaendesha hesabu, nikamwita Njuguna aje aone. Alikuja na msimamizi mpya, wakabanana kati ya magunia ya unga. Na hapo programu yangu ikaniangusha. Toleo lile la zamani halikukubali kitu kizima. Ilibidi nikipunguze kwanza kiwe kama karatasi, ngozi tupu isiyo na nyama, ndipo lihesabu. Na kwenye mguu wa kishikio, ambapo plastiki ni nene, karatasi ilidanganya. Mshono ukatokea ukingoni, mbali kabisa na ufa. Njuguna alichukua kifuniko kilichopasuka, akakiweka kando ya kioo cha kompyuta, akaangalia huku na huku. Aliniambia, bila hasira hata kidogo, kwamba kompyuta yangu inaumwa mahali ambapo mgonjwa haumwi. Siku ya pili wachuuzi wa nyuma ya pazia walikuwa na wimbo mpya: daktari wa vifuniko.

Sikulala njaa wala sikuhama mji. Niliwaandikia watu wa programu nikadai toleo jipya, haki yangu, na nikawaambia wazi toleo lao la zamani lina kasoro gani. Wakati nikingoja, nilizunguka Kajiado nikiokota vifuniko vilivyopasuka hadi nikajaza gunia. Kifurushi kilipofika posta nilikifungua nikiwa nimesimama barabarani. Toleo hili lilichukua kitu kizima kama kilivyo, nene palipo nene, nyembamba palipo nyembamba, bila kukichuna kwanza. Hesabu ilipomalizika, mkeka wa alasiri ukiwa tayari umetandikwa, mshono ulikuwa kwenye mguu wa kishikio. Nilimwaga gunia lote sakafuni. Kifuniko baada ya kifuniko, ufa ulipita pale pale mstari ulipopita kwenye kioo. Nilicheka peke yangu kwa sauti hadi Mama Hodhan akasukuma pazia akauliza kama nimepagawa. Nilimwonyesha. Aliangalia kioo, akaangalia sakafu, akaniita kwa Kisomali kama mtu anavyoita kijana, "Warya, sasa nenda ukamtukane vizuri yule mzee."

Mshono hauondoki, unahamishwa. Nilisogeza mlango hadi karibu na mguu mmoja wa kishikio, nikanenepesha kishikio kidogo ili plastiki ikipite haraka, itokee mguu wa pili, na ikutane na mwenzake kwenye uwanda wa kifuniko ambapo hakuna mkono unaovuta. Yeyo Naserian alikuja Kitengela kuuza maziwa, nikamkalisha kwenye gunia la sukari. Alisema kishikio kile ni cha vidole vya mtoto wa shule, na kwamba yeye ana bangili. Niliandika kipimo kingine mbele yake. Kishikio kikapanda, kifuniko kikajipanga, na kalibu iliyokizunguka ikajipanga nayo, yote mara moja. Akaniambia nipunguze tena ili aone kama ni kweli. Nikapunguza. Nikaongeza. Alinifanyisha hivyo mpaka chai ikapoa.

Njuguna aliona mstari na ufa, na hakuweza kubisha. Lakini kukubali kwake kulikuwa na meno. Alisema atanikopesha kipande cha chuma kutoka stoo yake, na atanipa mashine yake kwa siku moja ya majaribio. Kalibu ikifaulu, ananunua, na kalibu nyingine zote za kiwanda nitachora mimi. Isipofaulu, kompyuta inabaki kwake pamoja na kifunguo chake. Wahasibu wake walikuwa wanaitaka. Nilimjibu ndiyo kabla hajamaliza sentensi. Kompyuta ile ndiyo ilikuwa kazi yangu, jina langu na kurudi kwangu nyumbani. Bila hiyo nilikuwa mtu mwingine tu aliyetoka ng'ambo na suti.

Kilichobaki ni malipo ya karakana ya Nairobi yenye mashine za kukata chuma. Mtu aliyenitoa hapo ni Ole Sankale, mfugaji wa huko Ilbissil ambaye tulikutana kwenye chai ya Mama Hodhan. Alikuwa mmoja wa wale waliokuwa wakinijadili nyuma ya pazia. Aliuza fahali wake wa mwisho mwenye nyama, akaniletea alichopata, na hakuniuliza hata mlango wa plastiki ni nini. Nilimwuliza kwa nini. Alisema fahali huyo atakufa mwezi huu au ujao, na yeye hajawahi kuona mtu akikiangalia kitu kisicho na uhai kwa bidii ile. Tangu siku hiyo hakuniita tena Mutua wala fundi. Aliniita Pakiteng, jina ambalo kwa Wamaasai watu wawili huitana mmoja akishampa mwenzake ng'ombe.

Siku ya majaribio kiwanda kilijaa watu wasio na kazi hapo. Njuguna alivaa koti. Yule jamaa wangu wa politekniki alitokea, sijui nani alimwita. Mwendesha mashine alifunga kalibu yangu, akaanza kama walivyozoea: kasi ndogo, plastiki kidogo, kifuniko nusu, kisha uongeze na kuongeza mpaka kijae, kama mtu anayepapasa ukuta wa chumba cha giza. Nilimzuia. Nilisema mimi nimeshaingia chumba hicho na nimeona kila kiti. Nikamsomea joto, kasi na msukumo kama nilivyovitoa kwenye kioo. Mwendesha mashine akamwangalia tajiri wake. Njuguna alisema msukumo huo ukizidi kalibu itavuja plastiki pande zote na chuma chake kitaharibika. Nikamwambia chuma ni chako, lakini kompyuta ni yangu, na aliyeweka kikubwa mezani ndiye anayesema.

Njuguna akaashiria kwa mkono. Mwendesha mashine akabonyeza. Nilisikia chuma kikifunga, nikasikia plastiki ikiingia, kisha kile kimya cha kupoa ambacho hakuna mwimbaji anayeweza kukiimba. Chuma kikafunguka na kifuniko kikadondoka. Kizima. Ukingo mzima, kishikio kizima, hakuna ndevu za plastiki pembeni. Mwendesha mashine alikigeuza mara kadhaa akitafuta kosa, kama vile lingemfurahisha. Jamaa yangu wa politekniki alisema kifuniko kizuri si lazima kiwe kigumu.

Hilo nalo nilikuwa nimeliwazia. Yeyo Naserian alikuwa amekaa nje uani na kaa lake la oloirien. Alifukiza mtungi pale pale, kati ya malori, moshi ukaingia hadi ofisi ya wahasibu wakatoka wakikohoa. Alifunika kwa kifuniko changu, akatikisa, akaacha. Akashika kishikio, vidole vyote na bangili zikiwa ndani, akavuta. Hakuvuta kwa upole. Alivuta kama mwanamke anayetaka kujua. Kifuniko kikatoka. Akakirudisha, akafukiza tena, akavuta tena. Njuguna alisema imetosha. Yeye hakumsikiliza. Alirudia hadi kaa likazima, kisha akachunguza mguu wa kishikio karibu na jicho, akakiweka kifuniko chini ya shuka yake.

"Hiki nimechukua," alimwambia Njuguna. "Vile vingine ulivyoniuzia, kuja uchukue wewe."

Kalibu zilizofuata nisizihesabu hapa. Sanduku la mbao halikupita tena kwenye lango lile nikiwa na nguvu zangu. Lakini mwaka wangu haukuisha siku ya kifuniko. Uliisha baada ya mvua, nyasi ziliporudi na bei ya ng'ombe ikapanda, siku nilipolipa kila aliyenikopesha, wote kabla jua halijazama, kwa sababu nilitaka nilale nikiwa sidaiwi na mtu.

Nilianza kwa Mama Hodhan. Nilimletea pipa zima la dizeli na juu yake bahasha ya shukrani. Bahasha aliirudisha bila kuifungua. Alisema alinipa dizeli, atachukua dizeli, na cha juu ni haramu kwake hata kikiitwa shukrani. Nilipobishana alisema kama bado niko na kitu mkononi nimnunulie mtoto wa mtu mwingine vitabu. Nikafanya hivyo, na nimefanya hivyo kila mwaka.

Kwa Ole Sankale nilienda na mtamba mwenye mimba niliyemchagua mwenyewe soko la Kajiado, baada ya kuwatoa jasho madalali. Watu walikuwa wameniambia nimpe pesa, ni rahisi. Aliyetoa ng'ombe harudishiwi makaratasi. Tulisalimiana Kimaasai, supa na ipa, akamzunguka mtamba polepole, akampapasa mgongo, akashika mkia, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Nilimwambia sasa tumemalizana. Alinitazama kama mtu aliyesikia upuuzi. "Pakiteng, huyu ni wa kurudi. Jina halirudi. Ukinipita njiani ukaniita Sankale, nitakuwa nimekukosea nini?"

Wa mwisho alikuwa Njuguna, na kwake nilienda na lori. Alikuwa ameniambia mara kadhaa nisahau kile kipande cha chuma, kwamba mimi sasa ni mtu wake, ni kijana wa kiwanda. Kwa wateja waliokuja alinitambulisha hivyo hivyo: huyu ni kijana wangu, nilimtoa stoo ya unga. Nilinunua chuma cha aina ile ile, kizito kuliko chake, nikakishusha katikati ya ua mbele ya wafanyakazi waliokuwa kwenye chakula. Sahani za githeri zilisimama hewani. Alitoka ofisini akauliza hiki ni nini. Nikasema ni chuma chake, na mizani iko pale, apime.

Hakupima. Alikizunguka kama Sankale alivyomzunguka mtamba, akakigonga kwa kidole cha mguu.

"Mutua," alisema, "wewe kijana uko na kiburi."

"Niko nacho, mzee," nikamwambia. "Na hicho sikukopa kwa mtu."